Muziki wangu unamzima mzee anayeongea: nifanye nini?

*"Shikamoo mwalimu. Mimi ni kijana, nina miaka sita napiga kinanda na kutengeneza midundo kwenye kompyuta. Mwongozaji mmoja amenipa filamu ya makala ya dakika 52 niitungie muziki. Inahusu mzee fundi wa mashua ambaye mwanawe alizama baharini, na yeye mpaka leo anaunda mashua. Sehemu inayonitesa ni pale mzee anaposimulia siku ile. Niliiwekea piano na fidla za taratibu. Mwongozaji akasema muziki 'unalia kabla ya mzee', halafu maneno hayasikiki. Nikapunguza sauti, akasema sasa ni kama mbu chumbani. Mhariri alikuwa ameweka muziki wa watu wengine kwa muda, na mwongozaji ameshauzoea, anataka 'kama ule ila usiwe ule'. Sijui kusoma nota na sina okestra. Je, nimejitwika mzigo usio wangu? Pia ananitaka nisaini karatasi ya kumwachia kila kitu kwa malipo ya mara moja. Na usiku nikivua hedifoni masikio yanavuma."*

Marahaba, mwanangu. Mzigo ni wako, na unaubeba vizuri kuliko unavyodhani, kwa sababu umepata mwongozaji anayejua kusema kinachomkera. Wengi huambiwa tu "hauna hisia", wakabaki kuhangaika wiki nzima. Wewe umepewa maneno matatu ya kufanyia kazi: muziki unalia kabla ya mzee, maneno hayasikiki, na ukipunguzwa unakuwa mbu. Unayaona kama malalamiko matatu. Mimi naona tatizo moja: umetunga juu ya picha ya mzee aliyekaa, wakati kitu kinachotokea pale ni mzee kuongea.

Hofu mbili nikuondolee haraka. Nota utazihitaji siku utakapowaandikia wapigaji wengine. Kama unarekodi mwenyewe, sikio lako na kinanda vinatosha. Okestra nayo haihitajiki. Filamu ya mtu mmoja na mashua moja inaweza kubebwa na ala mbili au tatu, na ala chache zilizorekodiwa kwa uangalifu zina ukweli kuliko fidla sitini za kompyuta. Fidla za kompyuta zikiwekwa nyuma ya mtu halisi, mwenye mikono yenye makovu, bandia yake huonekana haraka sana, hata kwa mtazamaji asiyejua muziki.

Dhana ya tatu ndiyo inayokuumiza, na hapa nitakaa kidogo. Unaamini kwamba maneno yasiposikika dawa ni kupunguza sauti ya muziki. Ulipunguza, ukapata mbu. Tuone kwa nini.

Sauti ya mtu anayeongea ina ghorofa mbili. Chini kuna mlio wenyewe, ule unaotoka kooni. Kwa mwanamume huzunguka kati ya Hz 85 na 180 hivi (Hz ni idadi ya mitetemo kwa sekunde), na irabu zinajengwa juu yake. Ghorofa ya juu kuna konsonanti: *t*, *k*, *s*, *f*, *ch*. Nguvu ya konsonanti hizi nyingi iko juu ya Hz 2,000, ni nguvu ndogo, na hudumu muda mfupi sana. Lakini ndizo zinazobeba maana. Mzee akisema "alipotea" na wewe ukasikia "alipokea", kilichopotea ni *t* moja tu, na sentensi nzima imegeuka.

Sasa angalia ulichoweka. Fidla zina mlio unaoendelea bila kupumua, na mkwaruzo wa uta kwenye nyuzi umejaa huko huko juu ziliko konsonanti. Piano kila inapogongwa hutoa msindo mfupi wenye ncha, unaofanana kwa umbo na *t* au *k*. Ukiangukia juu ya konsonanti, konsonanti imekwisha. Na kuna jambo ambalo wanaoanza hawalitegemei: sauti nzito hufunika nyembamba kuliko nyembamba inavyofunika nzito. Kwa hiyo ule mkono wa kushoto mzito wa piano, unaoudhania hauna kosa kwa kuwa uko chini, unapanda na kuyafunika maneno kutokea chini.

Ulipopunguza sauti yote kwa pamoja, sikio lilifanya kazi yake ya kawaida. Sikio la binadamu halisikii besi vizuri sauti inapokuwa ndogo. Besi hutoweka kwanza, na kinachobaki ni eneo la kati ya Hz 2,000 na 5,000, ambako sikio ni kali kuliko kwingine kote. Joto la muziki wako liliondoka, ukabaki mkwaruzo wa fidla. Huyo ndiye mbu. Mwongozaji wako alisikia sawasawa kabisa.

Basi dawa iko kwenye utunzi, kabla hujagusa kitufe cha sauti. Punguza idadi ya ala, kisha ondoa zinazong'ang'ania ghorofa ya juu mzee anapoongea. Acha nafasi kati ya noti. Unaweza kutumia ikwalaiza, kile chombo cha kupunguza au kuongeza sehemu moja ya sauti, kuchonga kidogo kati ya Hz 2,000 na 4,000 kwenye muziki, na inasaidia, ila ikwalaiza ni kiraka. Ukijikuta unachonga sana, jua umeandika noti nyingi mno.

Kuna pia suala la umakini, ambalo halipimwi kwa Hz. Melodia inayopanda na kushuka ni kama mtu mwingine anayeongea. Mtazamaji ana sikio moja la kufuata hadithi, na ukimpa melodia nzuri chini ya maneno, atamfuata mmoja na kumwacha mwingine. Hasa melodia ikiwa kwenye kimo kile kile cha sauti ya msemaji. Selo, ile fidla kubwa yenye sauti nzito, ambayo kila mtu hukimbilia kwa huzuni, inakaa hasa pale anapokaa mwanamume mzima anayeongea. Kwa mzee mwenye sauti nzito ningeifikiria mara mbili.

Leo usiku fanya hivi. Zima muziki wote, zima na picha, msikilize mzee peke yake mara tatu. Mara ya kwanza usikilize tu. Mara ya pili andika kwenye karatasi sekunde ambazo anavuta pumzi, anameza mate, ananyamaza. Mara ya tatu kaa kwenye kinanda, tafuta noti ambayo sentensi zake zinatua. Watu wengi wanapotulia na kusimulia, mwisho wa sentensi hushuka na kutua karibu na kimo kile kile. Ukishaipata noti hiyo, umepata sakafu ya kipande chako. Ukitunga kwenye ufunguo unaopatana nayo, sauti ya mzee itaonekana imo ndani ya muziki. Ukitunga nusu noti pembeni, kutakuwa na kero ambayo hakuna atakayeweza kuieleza, nawe utabaki unapunguza sauti bila kupona. Na ile karatasi ya pumzi ndiyo ramani yako: noti zako ziingie pale anaponyamaza, zififie anapoanza tena.

Tuje kwenye "unalia kabla ya mzee". Hili ni kubwa kuliko maneno kutosikika.

Kwenye filamu ya kubuni, mwigizaji anajua atakachosema na mtazamaji anajua ni maigizo. Muziki ukitangulia kuonyesha njia, hakuna aliyeonewa. Mzee wako haigizi. Kordi yako ya kwanza ya huzuni iliingia kabla hajafungua kinywa, na kwa kufanya hivyo umetoa hukumu: huyu ni mtu wa kuhurumiwa. Mtazamaji anayehisi anasukumwa ahurumie hujikunja, na kwa bahati mbaya huacha kumwamini hata mzee mwenyewe, ambaye hakuomba muziki wowote. Huenda mzee hakuanza kwa huzuni. Huenda alianza kwa kueleza upepo ulivyokuwa asubuhi ile, kwa hesabu za fundi, na uchungu ukaja baadaye kwenye neno moja tu. Muziki wako ulimnyang'anya neno hilo.

Nililijifunza hili kwa aibu. Niliwahi kumwandikia mama mmoja kipande cha dakika mbili, akieleza kuhusu nyumba yake iliyoungua. Nilikipenda kipande kile. Tulipokuwa tunachanganya sauti, mhariri alizima njia ya muziki ili arekebishe kitu kingine, na kwa mara ya kwanza tukamsikia yule mama anameza mate kabla ya kulitaja jina la mtoto wake. Nilikuwa nimeufunika mmezo ule kwa piano kwa wiki tatu. Hatukuuwasha muziki tena.

Filamu mbili zitakusaidia kufikiri, kwa kuwa zinahusu jambo moja na zimeamua tofauti. *Nuit et brouillard* ya Alain Resnais, iliyotengenezwa mwaka 1955, inaonyesha kambi za mateso za Wanazi kwa muda wa nusu saa na kidogo, na muziki wake ni wa Hanns Eisler. Picha zinapokuwa za kutisha kabisa, muziki ule haupandi kupiga kelele nazo. Unabaki mwembamba, karibu mpole, na upole huo ndio unaokuzuia kugeuza uso. *Shoah* ya Claude Lanzmann, ya mwaka 1985, inachukua zaidi ya saa tisa kuhusu mauaji yale yale, na haina muziki wa kutungwa hata kidogo. Muziki uliomo ni ule tu ambao watu wenyewe wanauimba mbele ya kamera. Siwezi kukuambia ipi ni sahihi. Zote mbili zimekataa kulia kwa niaba ya watu wanaosimulia.

Kwa sehemu yako mimi naona njia tatu.

Unaweza kuweka mlio mmoja tu mrefu, wa chini kabisa, chini ya sauti ya mzee, bila kordi ya furaha wala ya huzuni. Hufanya kazi, ila hutumika sana siku hizi, na mtazamaji ameshaujua ule uvumi wa "jambo baya linakuja". Kwa mzee anayesimulia kwa utulivu unaweza kuleta woga ambao hakuuleta yeye.

Unaweza kuandika noti chache kwenye pumzi zake, kama nilivyoeleza. Hii ni nzuri lakini ngumu, maana mhariri akikata sekunde mbili tu, pumzi zote zimehama na kazi yako imeharibika. Ifanye picha ikishafungwa, yaani mhariri akishamaliza kukata, si kabla.

Au mwache aongee kwenye ukimya, muziki uje baada yake. Ningekuwa wewe ningechagua hii, na sababu iko kwenye filamu yenyewe: mzee ni fundi, na fundi wa mashua ana tezo, lile shoka dogo la kuchongea mbao. Umesema bado anaunda mashua, kwa hiyo natarajia kwamba baada ya sentensi ya mwisho anarudi kwenye kazi, au mhariri anaweza kukupatia picha hiyo. Sikiliza tezo ikigonga ubao. Haigongi kwa mapigo sawasawa. Inagonga, inagonga, inasita fundi akiangalia alipofika, inagonga mara tatu za haraka, kisha mkono unapapasa ubao kutafuta kigongo kilichobaki. Huo tayari ni muziki, na ni wa mzee. Usiingie pamoja na pigo la kwanza. Mtazamaji ataona mkono wako. Acha pigo la kwanza, la pili, la tatu. Noti yako ya kwanza iingie wakati wa ule mpapaso, ikiwa ndogo kiasi kwamba mtu asijue sekunde iliyoanza.

Wala usidhani kuachia kelele za kazi ni uvivu wa mtunzi. Virgil Thomson alipata tuzo ya Pulitzer ya muziki mwaka 1949 kwa muziki wa filamu *Louisiana Story* ya Robert Flaherty, na kwenye sehemu za mtambo wa kuchimba mafuta kelele za mtambo wenyewe ndizo zilizoshika nafasi ya muziki. Mwombe fundi sauti rekodi safi za karakana: tezo, randa, nyundo, mzee akikalafati, yaani akiziba nafasi kati ya mbao. Tempo ya filamu yako imo humo. Unaweza hata kuchukua mlio mmoja wa ubao, ukaushusha kimo, ukawa ndio ngoma yako ya filamu nzima.

Ukihitaji muziki uangukie mahali fulani, hesabu ni rahisi. Tuseme kutoka noti yako ya kwanza mpaka mzee anapoiweka tezo chini ni sekunde 38. Kwa tempo ya mapigo 72 kwa dakika utapata mapigo 45.6, yaani tezo itatua katikati ya pigo. Ukitaka itue baada ya mapigo 48 kamili, ambayo ni vipimo 12 vya mapigo manne manne, zidisha 48 kwa 60, ugawe kwa 38: unapata 75.8. Tofauti ya tempo ni ndogo, mwili wa mtazamaji hautaihisi, lakini kipande kitafunga kama mlango uliochongwa vizuri. Tumia ujanja huu mara chache. Mambo yakiangukia kwenye pigo kila dakika, maisha ya mzee yataonekana kama yalipangwa na mcheza dansi.

Kuhusu ule muziki wa muda. Wahariri huuweka kwa nia njema, kwa sababu ni vigumu kukata picha kwenye utupu. Ila mwongozaji ameusikia mara mia mbili, na sasa sikio lake linauona ule ndio filamu. Usishindane nao kwa kuuiga. Mwulize maswali: unapenda mwendo wake? Unapenda kwamba hauna ngoma? Unapenda pale unapokoma? Mara nyingi utagundua anachokipenda ni kitu kimoja kidogo, labda namna unavyoacha nafasi, au kwamba unaanza sekunde nne baada ya picha. Chukua hicho, uache noti. Mimi hutazama filamu mara ya kwanza muziki wa muda ukiwa umezimwa, na huwaomba wanitumie nakala isiyokuwa nao. Sikio lako nalo likishauzoea, utauandika bila kujua, na hapo "kama ule ila usiwe ule" inakuwa kesi. Anayedai wimbo wake umeigwa atakutafuta wewe uliyeweka jina.

Mwongozaji akishupaa kabisa, mwandikie vipande viwili vya sehemu moja: kimoja kikijibu kile alichokipenda, kingine kwa moyo wako. Usimweleze kipi ni kipi. Mwekee chini ya picha, mtazame pamoja, unyamaze mpaka aongee yeye.

Hukuuliza muziki uwe mwingi kiasi gani, lakini nahisi umeweka karibu filamu nzima. Kwa dakika 52 za aina hii, mimi ningeridhika na dakika kumi na tano mpaka ishirini za muziki. Muziki usiokoma huacha kusikika, kama feni. Kila ukimya wa dakika tatu unaoacha unalipa kipande kinachofuata. Na kama utatunga melodia kuu, mpe mashua, usimpe mwana aliyezama. Melodia ya marehemu itakulazimisha kulia kila anapotajwa, wakati melodia ya mashua inaweza kuanza na noti mbili mkuku, ule uti wa mgongo wa chombo, unapolazwa, ikaongezeka mataruma, yaani mbavu zake, yanaposimikwa, ikatimia chombo kinapogusa maji. Mtazamaji atamkuta mwana humo mwenyewe, bila kuonyeshwa kwa kidole.

Mambo ya ufundi ni machache. Rekodi kwa kHz 48 na biti 24, kwa kuwa ndivyo filamu zinavyofanya kazi. Faili la kHz 44.1 likisomwa kimakosa kama la 48 litakimbia na kupanda kimo zaidi ya nusu noti, na kosa hilo hugunduliwa usiku wa mwisho. Muulize mhariri filamu inakwenda kwa fremu ngapi kwa sekunde, 24 au 25 au nyingine, uweke hivyo hivyo kwenye programu yako kabla hujaandika noti. Usiubane muziki kwa kompresa, kile chombo kinachosawazisha sauti kubwa na ndogo, mpaka uwe kama wimbo wa redio: kwenye utangazaji unaofuata kiwango cha Ulaya sauti yote ya kipindi hupimwa iwe LUFS 23 chini ya sifuri (LUFS ni kipimo cha ukubwa wa sauti kama sikio linavyousikia), kwa hiyo ubanaji wako hautakupa ukubwa wowote, utakunyang'anya tu uhai. Na mwisho, mpe fundi sauti tabaka zilizotengwa: piano peke yake, ala za nyuzi peke yake, ngoma peke yake, zote zikianzia sekunde moja. Neno moja likimezwa, atashusha tabaka moja badala ya kushusha kipande kizima na kukurudishia yule mbu.

Kama unaweza, kaa naye siku ya kuchanganya sauti. Saa nne ndani ya chumba kile, ukisikia muziki wako chini ya maneno kwenye spika nzuri, zitakufundisha kuliko barua yangu hii.

Karatasi usisaini bado. Simaanishi kwamba mwongozaji wako ni mwizi. Inawezekana amepewa fomu na mtu mwingine naye hajaisoma. Lakini "kila kitu" ni mambo kadhaa tofauti. Kuna haki ya utunzi, yaani noti zenyewe. Kuna haki ya rekodi, yaani faili ulilolitengeneza. Kuna ruhusa ya kuunganisha muziki na filamu hii. Na kuna mirabaha ya baadaye, ambayo katika nchi nyingi vituo vya utangazaji hulipa kupitia vyama vya kukusanya mirabaha kila filamu inaporushwa. Filamu inahitaji kwa lazima ile ruhusa ya kutumika humo, kila mahali, bila kikomo cha muda. Unaweza kumpa hiyo kwa moyo mweupe na kubaki na utunzi wako. Anaweza pia kuhitaji rekodi, mkaelewana. Mirabaha ya mtunzi ndiyo ningeing'ang'ania.

Kumwachia yote kuna wakati kunaeleweka. Malipo yakiwa makubwa kweli, au ukihitaji jina kuliko fedha, ni uamuzi wako na si dhambi. Ila uamue ukijua unachouza. Hakikisha pia karatasi inasema idadi ya marekebisho utakayofanya kwa malipo hayo, jina lako litaandikwaje kwenye filamu, na kama muziki unaweza kutumika kwenye tangazo la filamu au filamu nyingine. Andaa orodha ya vipande vyote, kila kimoja na jina, urefu wake na mtunzi, uwape nakala. Bila orodha hiyo chama cha mirabaha hakina namna ya kujua kwamba kuna muziki wako. Na kifungu cha kusoma mara mbili ni kile kinachosema wewe ndiye utakayebeba gharama zote mtu akidai muziki umeigwa. Kifungu hicho ni cha kawaida, lakini kikikaa pamoja na "kama ule ila usiwe ule" ni hatari tupu. Hapa barua haitoshi. Tafuta wakili anayejua hakimiliki, au uende ofisi ya chama cha watunzi, ukae mezani na karatasi yenyewe. Sheria hutofautiana nchi na nchi, na saa moja ya wakili ni nafuu kuliko miaka ya kujuta.

Umeyataja masikio mwishoni kana kwamba ni jambo dogo. Kuvuma kunakorudi kila usiku ni ishara kwamba yamechoshwa, na chembe za kusikia za binadamu zikifa hazioti tena. Kiwango cha usalama cha Shirika la Afya Duniani ni desibeli 80 kwa saa 40 kwa wiki, na kila desibeli 3 zinazoongezeka hukata muda huo nusu: kwa 83 ni saa 20, kwa 86 ni saa 10. Mtu anayetunga usiku kwa hedifoni anaweza kuumaliza muda huo kwa siku tatu. Hamia kwenye spika, kwa sauti ya mazungumzo ya kawaida, na pumzika dakika kumi kila saa. Kazi yako itakuwa bora pia, maana muziki unaopendeza pale tu sauti inapokuwa kubwa ndio huo unaogeuka mbu. Lakini kabla ya yote, nenda kwa daktari wa masikio wiki hii akupime usikivu. Ukiona sikio moja linavuma kuliko jingine, au usikivu umeshuka ghafla, au una kizunguzungu, usisubiri hata kesho.

Mwongozaji mpe taarifa kwamba unahitaji siku chache za kuyapumzisha masikio. Siku hizo unaweza kumsikiliza mzee taratibu bila hedifoni, ukiwa na karatasi na kalamu, ukiandika pumzi zake.